Tani Arobaini za Mchanga wa Nyarugusu

Aliyeniuzia mchanga ule aliniachia nichague mwenyewe mahali pa kuchota sampuli, na hapo ndipo aliponiweza. Nimezaliwa katika nyumba ya sonara, Ngamiani, Tanga, nikakua nikijua kutenganisha dhahabu ya karati 22 na ya karati 18 kwa kuisugua jiweni na kuidondoshea tindikali, kwa hiyo nilikwenda Nyarugusu, kijiji cha wachimbaji mkoani Geita, nikiamini kwamba kwa habari ya dhahabu sina wa kunifundisha. Kumbe dhahabu niliyoizoea mimi ni ile iliyokwisha kuwa dhahabu. Ile inayouzwa ikiwa bado tope sikuwa nimepata kuiona.

Safari yenyewe haina mengi: siku mbili za basi, miguu iliyovimba, na nauli ambayo nikiikumbuka bado nasonya. Ilikuwa Machi 2023, tukavuka kwa kivuko kutoka Kigongo kwenda Busisi, nguzo za daraja lililokuwa likijengwa zimesimama majini kando yetu na abiria wote wameinua vichwa kuzitazama. Binamu yangu, mtoto wa shangazi, alinipokea Geita mjini, na kabla sijanawa uso akawa ameshaanza habari za marudio.

Marudio ni mchanga unaobaki wachimbaji wadogo wakishamaliza kazi yao. Mawe yanayotolewa kwenye maduara, yaani mashimo yao ya kuchimbia, husagwa kwa karasha hadi yawe unga, na unga huo humwagiwa maji juu ya ubao ulioinamishwa na kutandikwa magunia ya katani, ili dhahabu kwa uzito wake inase kwenye nyuzi. Kilichonasa hukung'utwa ndani ya karai na kukandwa kwa zebaki, ndiyo wanayoiita kukamatisha, kisha donge lile huchomwa, zebaki ikaruka na dhahabu ikabaki. Nilimwona kijana akilichoma donge lake juu ya jiko la mkaa nyuma ya banda, wenzake wamemzunguka bila kitambaa hata cha kujizibia pua, nami nikarudi nyuma hatua kadhaa wakanicheka. Lakini zebaki hukamata chembe inayoweza kuifikia tu. Ile iliyo laini kuliko vumbi, na ile iliyofungiwa ndani ya punje ya jiwe, hupita na maji, na aghalabu inayopita ni nyingi kuliko iliyokamatwa. Ndiyo maana malundo yaliyo kando ya mialo, yaani hapo panapooshewa mchanga, hayaitwi takataka. Yana wenyewe, yana bei, yana madalali. Hata mawe yaliyotupwa na mgodi mkubwa wa Geita yana jina lake, magwangala, na kuna watu waliosomesha watoto kwa kuyagonga upya.

Binamu alitazamia nishangae, nami sikushangaa. Baba yangu hakupata kutupa taka za karakana yake hata siku moja. Alifagia mwenyewe kila jioni, akazitia kwenye debe, na maji ya kunawia mikono ya mafundi yalikuwa na pipa lake ambalo ole wake mtoto atakayelipiga teke. Mara moja kwa mwaka, kabla ya Ramadhani, alichoma taka zote pamoja na mkeka waliokalia mafundi, akaosha majivu, akayeyusha kilichobaki juu ya makaa ya vifuu vya nazi. Mwaka mmoja mkeka mkuukuu wa miaa ulitoa dhahabu ya kutosha pete ya mama. Kwa hiyo mtu aliponiambia kwamba kuna mali ndani ya uchafu, alikuwa akinisimulia habari za nyumbani kwetu.

Lundo lilikuwa la mzee mmoja mpole, mwenye kofia ya lasi na maneno machache. Alitaka shilingi 60,000 kwa tani, tani 40, na hakupunguza hata senti. Nilipoomba kupima, aliniambia, "Mgeni wangu, chota unapopataka wewe, mimi nitakaa pale kwenye mwembe." Nikachota mahali kumi, kulizunguka lundo zima na juu yake, kila shimo nikaingiza mkono hadi kwenye kiwiko, nikachanganya vizuri kama nilivyofundishwa kuchanganya vumbi la dhahabu kabla ya kulipima. Maabara ya mjini ikarudisha majibu: gramu 3.1 kwa tani. Maabara haikudanganya, ilipima kile nilichoipelekea. Binamu akapiga hesabu nyuma ya pakiti ya sigara: tani 40 kwa gramu 3 ni gramu 120, sainaidi, dawa ya kuiyeyushia dhahabu mchangani, ikitoa asilimia 70 ni gramu 84, na gramu ya dhahabu safi ilikuwa inakwenda kwa karibu shilingi 140,000. Sikulala usiku ule, ingawa sehemu ya lawama ni ya karasha iliyokuwa ikinguruma ukuta wa pili wa gesti. Chumba shilingi 25,000, ndoo ya maji ya kuoga inalipiwa mbali, na chandarua kina tundu linalopitisha paka. Nilipolalamika, mhudumu alinijibu kwa upole kwamba dhahabu imetoka upande wa pili wa kijiji wiki ile, hivyo bei zimepanda. Sikuona dhahabu ya upande wa pili inahusianaje na chandarua changu.

Siku ya kupakia ndiyo ninayoikumbuka kuliko zote. Vibarua wanne walianza kwa makoleo asubuhi, na mchanga wa juu ulikuwa wa kahawia iliyokoza, kama tulivyouona. Fuso ya kwanza ikaondoka. Walipozama kiasi cha kimo cha mtoto, rangi ikageuka kuwa ya kijivu, na ndani yake mna vipande vyeupe vidogo vidogo, laini, vinavyopondeka kwenye vidole kama unga wa muhogo uliogandamana. Nilikitazama kimoja, nikakitupa. Karibu nasi palikuwa na akina mama waliokuwa wakigonga mawe kutafuta mbale, yaani jiwe lenye dhahabu, na mmoja wao, mtu mzima, kichwa amekifunga kwa kitenge kilichopauka, akainuka taratibu, akachota mchanga wangu kwa kiganja, akaunusa.

"Mwanangu," akasema, "mchanga huu umeshapikwa. Hii ni chokaa."

"Mama, hayo ni mawe meupe tu," nikamjibu, kwa sauti ambayo leo ningeirudisha kama ningeweza.

"Haya," akasema, akarudi kukaa.

Hakuongeza neno. Nimesikia makaripio mengi maishani, na hakuna lililokaa nami kama ile "haya" ya mama yule.

Mtambo tuliokodi ulikuwa na matangi makubwa ya matofali yaliyopigwa saruji, yamezungushiwa uzio, na kijana aliyeusimamia alikuwa fundi hasa, msemaji, mwenye kupenda kuulizwa. Alinieleza kwamba sainaidi ikiwa ndani ya maji na ikapata hewa huiyeyusha dhahabu kama maji yanavyoyeyusha chumvi, ila polepole, kwa siku kadhaa. Kwamba ufundi huu uliandikishwa Glasgow mwaka 1887 na John Stewart MacArthur pamoja na ndugu wawili madaktari, Robert na William Forrest, na migodi ya Afrika Kusini ikaokolewa nao. Na kwamba chokaa ndiyo roho ya mtu. Maji ya tangi lazima yabaki na ukali wa chokaa, kipimo chake cha pH kikae juu ya 10, kwani yakigeuka kuwa ya tindikali sainaidi huwa hewa, na anayeivuta hewa hiyo hapati nafasi ya kusimulia. Aliniuliza pia kama marudio yangu yana zebaki. Nilipojibu kwamba bila shaka yanayo, alikunja uso, akasema sainaidi huiyeyusha zebaki nayo na kuisafirisha pamoja na maji, na kwamba Tanzania imekwisha kuridhia mkataba wa Minamata, ule wa kupunguza matumizi ya zebaki, tangu 2020 lakini zebaki haijasoma mkataba.

Kisha akapima maji ya kwanza yaliyopita kwenye mchanga wangu, akatazama kipimo, akakipangusa, akatazama tena.

"Kaka, mchanga wako hauna kiu ya chokaa," akasema. "Mwingine unakula mifuko na mifuko. Huu umekuja umeshiba."

"Si bahati hiyo?" binamu akadakia. "Tumeokoa hela ya chokaa."

Fundi alinitazama mimi, hakumtazama binamu. Hapo ndipo nilipomkumbuka mama wa kitenge. Mchanga ambao haujaonja sainaidi hauji na chokaa yake. Lundo la mzee lilikuwa la mabaki ya tangi la mtu mwingine, yamekwisha kukamuliwa, yamefunikwa kwa tabaka la marudio ya kweli lenye unene unaozidi kiwiko cha sonara. Tulimpigia mzee simu. Mara ya kwanza iliita, baada ya hapo haikuita tena. Fundi alishauri tuendelee, kwani gharama ya tangi ilikuwa imeshalipwa na hata mchanga uliopikwa hubakiza kidogo.

Kitu kimoja pale mtamboni kilinifariji, au pengine kilinitonesha. Maji yenye dhahabu yakitoka tangini hupitishwa kwenye ndoo za kaboni, chembe nyeusi kama pilipili manga iliyopondwa vikubwa, na dhahabu hushikamana nazo. Nilipochukua chache kiganjani nikaijua harufu ya vumbi lake. Nilisoma mfuko: zimetengenezwa kwa vifuu vya nazi, Sri Lanka. Makaa ya vifuu, yaleyale aliyokuwa akipulizia baba, ila haya yameunguzwa kwa mvuke mkali hadi yakawa na vinyweleo visivyohesabika, yamevuka bahari, yamepita pwani yetu ambako Pangani na Muheza vifuu vinaoza uani, yamebebwa hadi karibu na ziwa, na mfuko wake unauzwa kwa bei ambayo sitaitaja ili wakulima wa minazi wasilie. Magunia ya katani kwenye mialo nayo nilidhani ni ya kwetu. Nilikuwa nimezungukwa na Tanga pande zote, na bado nilikuwa nimeibiwa.

Siku saba baadaye kaboni ilitolewa, ikatiwa kwenye pipa lenye kufuli mbili, ufunguo mmoja wa mwenye mtambo na mmoja wangu, tukaandikiwa kibali, tukaipeleka kwenye elusheni, mtambo wa kuivua kaboni dhahabu yake. Humo huchemshwa katika maji yenye kostiki soda, moto unaozidi nyuzi 100, hadi iiachilie dhahabu. Kisha maji yale hupitishwa umeme, na dhahabu ikatanda juu ya nyuzi laini za chuma kama zile za kusugulia masufuria. Tulikesha. Kahawa pale kikombe shilingi 500, nyepesi kama maji ya kuoshea vikombe. Alfajiri fundi wa pale alizitoa nyuzi, zikaliwa na tindikali, kilichobaki kikachanganywa na boraksi na kuyeyushwa, na kikamiminwa. Kitufe kilikuwa kidogo kuliko kifungo cha koti. Gramu 22.6.

Nilikuwa nimekuja na jiwe la baba, amelifunga mwenyewe kwenye kitambaa cha bafta siku nilipoondoka. Nikakisugua kile kitufe, mstari ukatoka wenye weupe kidogo, nikadondosha tindikali, nikasema karati 20 kasorobo. Watu waliokuwapo walitabasamu. Kwenye soko la dhahabu la Geita mashine yao ya mionzi ilisema asilimia 82, na ukikokotoa utaona kwamba jiwe halikukosea. Zilizobaki zilikuwa fedha kwa sehemu kubwa na shaba kidogo, kwa maana sainaidi haichagui, inayeyusha na hizo pia. Ndiyo raha pekee niliyoipata mkoani Geita, na haikunilipa kitu. Baada ya asilimia 6 ya mrabaha na 1 ya ukaguzi nilibaki na shilingi milioni mbili na laki nne na ushei. Nilikuwa nimetumia milioni tano na laki tatu, gesti ikiwamo.

Asubuhi ya kuondoka nilipita mtamboni kumuaga fundi. Mchanga wangu ulikuwa umemwagwa nje ya tangi, kwa desturi ya pale ni mali ya mwenye mtambo, na fuso ilikuwa ikiupakia. Nilimuuliza dereva unakwenda wapi, akataja kijiji nisichokijua, akaniuliza kama nataka kununua.

Njia nzima ya kurudi sikuzungumza na jirani yangu wa kiti. Baba alikuwa barazani niliposhuka na bajaji, macho yake hayaoni mbali siku hizi, lakini cha karibu anakiona. Hakuniuliza habari za safari. Alinyoosha mkono apewe jiwe lake, akafungua bafta, akaligeuza kwenye mwanga hadi akaupata mstari, kwani sikuwa nimeufuta.

"Ina fedha nyingi," akasema. "Mchanga wenyewe uliununua kwa kiasi gani?"

Nilimtajia nusu. Akaguna, akaanza kulisafisha jiwe kwa mafuta ya nazi.