Siku Dokta Hathi alipofariki

Julai 2018 nilikua nasoma Vadodara, kule Gujarat, India, nimepanga chumba cha juu kwa familia moja na bibi wa nyumba kila mtu alimwita Ba, mpaka muuza mboga. Saa mbili na nusu usiku kwa Ba ni Taarak Mehta Ka Ooltah Chashmah tu, ile komedi ya tivii ya Kihindi, habari za bili ya umeme subiri kesho. Mi nilianza kushuka kwa ajili ya thepla za moto, zile chapati za Kigujarati zenye viungo (nani atakataa), alafu nikajikuta nacheka kabla hata Kihindi hakijapanda, maana Jethalal, yule mwenye duka la vitu vya umeme, akimtumbulia macho jirani yake Babita huku mzee wake Champaklal kasimama nyuma, hapo mkalimani wa nini?

Sasa tarehe 9 narudi chuo namkuta Ba barazani macho mekundu, nikajua kapotelewa na ndugu. Namuuliza kulikoni, ananiambia "beta (mwanangu), Hathi bhai (kaka Hathi) kaenda". Kumbe ni Kavi Kumar Azad, yule bonge anayeigiza Dokta Hathi, moyo umegoma. Na jirani alikuja kumpa pole nakwambia, wakakaa wanamuongelea marehemu utadhani alipanga mtaa wa pili.

Usiku mjukuu akafungua YouTube tukaangalia zile za zamani, za enzi Daya, mke wa Jethalal, hajaondoka, na kusema ukweli zile ndo zenyewe, siku hizi jambo dogo linavutwa wiki nzima. Sebule imejaa, bibi, mwanae, mkwe, mjukuu na mi mgeni. Kwetu Tanga kwenye tivii watu wakianza kusogeleana tu baba anakohoa alafu unatumwa maji, ila pale hakuna aliyeshika rimoti. Ni majirani wa Gokuldham tu, yale makazi yao humo kwenye komedi, Sodhi Mpunjabi, Bhide Mmarathi na tuisheni zake, Iyer Mtamil, Abdul na kiduka chake, wanagombana asubuhi jioni wanacheza garba, ngoma ya Kigujarati. Hathi akitamka "sahi baat hai!" (kweli kabisa!) mjukuu anarudia kwa sauti nzito na Ba anacheka huku anajifuta machozi na upande wa sari.

Ikafika zamu ya Popatlal na mwavuli wake, anatafuta mke kama kawaida. Ba akanigeukia, yuko siriasi kabisa, eti kwenu Tanzania hakuna binti wa kumpa? Mwandishi wa gazeti, kazi anayo. Nikamwambia Ba, kwetu wataulizia mahari kwanza. Akasema hilo dogo, Jethalal atatoa friji dukani.