Bert Williams na ufundi wa kuchelewa

Anayetaka kuielewa vodevili ya Marekani, yaani maonyesho ya jukwaani yenye michezo mifupi ya kila aina, aanze na saa. Onyesho moja la ukumbi mkubwa lilikuwa na michezo 8 au 9, kila mmoja dakika 10 hadi 20 hivi. Waliofungua mara nyingi walikuwa wanasarakasi au wanyama waliofunzwa, maana watu walikuwa bado wanatafuta viti na maneno yangepotea bure. Nafasi ya heshima ilikuwa ya pili kutoka mwisho. Mchekeshaji mara nyingi alisimama mbele ya pazia huku mafundi wakibadilisha mandhari nyuma yake. Wakikawia, ilimbidi arefushe. Humo ndani ya mbio hizo, mchekeshaji Bert Williams alijipatia jina kwa kwenda taratibu.

Alizaliwa Nassau, Bahama, mwaka 1874, akakutana na George Walker, aliyekuja kuwa mwenzake wa jukwaani, mjini San Francisco mwaka 1893. Mwanzoni Walker ndiye aliyechekesha, na Williams akawa mtu makini wa kumpokea. Haikukaa sawa. Walipobadilishana, Walker akawa mtanashati mwenye maneno mengi, na Williams akawa yule mzito mwenye mkosi, kila kitu kikaingia mahali pake.

Gharama yake ilikuwa masizi. Kizibo cha chupa kilichomwa mpaka kikawa makaa, kikasagwa, kikachanganywa na maji, kisha kikapakwa usoni. Kikikauka haking'ai kama rangi ya mafuta, lakini jasho hukichuruzisha. Williams alikuwa mtu mweusi mwenye ngozi nyepesi, na alijipaka ili afanane na picha ya kudhalilisha ambayo wazungu walikuwa wameizoea. Hilo lisisahaulike hata kidogo tunapousifu ufundi wake, kwa kuwa ufundi huo ulilazimika kupenya kwenye kinyago hicho: uso ukishafunikwa, kinachobaki ni macho, mikono na muda.

Februari 1903 wakafungua "In Dahomey" katika ukumbi wa New York Theatre, muziki ukiwa wa Will Marion Cook. Ilikuwa tamthilia ya muziki ya kwanza yenye urefu kamili, iliyotungwa na kuchezwa na watu weusi, kuingia ukumbi mkubwa wa Broadway, mtaa wa kumbi za maonyesho mjini New York. Baada ya maonyesho 53 wakaipeleka London, na Juni mwaka huohuo wakaicheza mbele ya familia ya kifalme ndani ya kasri la Buckingham. Mwaka 1906 wakaja na "Abyssinia", habari ya Wamarekani weusi waliosafiri hadi Uhabeshi. Walker aliugua akaacha jukwaa mwaka 1909, akafariki 1911.

Wimbo "Nobody" ndio unaoonyesha vizuri alivyofanya kazi. Hakuanza kuimba. Alitoa kijitabu mfukoni, akakifunua ukurasa baada ya ukurasa kana kwamba anatafuta maneno, na watu walikuwa wameshaanza kucheka. Kisha akausema ubeti nusu kwa kuongea, nusu kwa kuimba, akiburuta neno hadi nyuma ya mapigo ya muziki huku tromboni ikilia kama inamwonea huruma. Wanaomwiga hukosea hapa: huchelewesha sauti na mwili pamoja, mchezo ukalala. Yeye alichelewesha neno tu. Jicho lilikuwa limeshafika.

Aliurekodi kwa kampuni ya santuri ya Columbia mwaka 1906. Kipaza sauti cha umeme kilikuwa hakijaingia studio, mtu alielekeza sauti kwenye pembe kubwa iliyotikisa sindano. Mnong'ono haukuingia, kwa hiyo utulivu tunaousikia kwenye santuri hiyo umetolewa na mtu anayetumia nguvu.

Kuanzia 1910 alikuwa kwenye "Follies", maonyesho makubwa ya kila mwaka ya mtayarishaji Ziegfeld, mweusi peke yake kati ya nyota wazungu. Baadhi yao walimpinga kabla hajapanda hata siku moja. Alidumu humo, kwa kukatiza, hadi 1919. Februari 1922 alianguka jukwaani Detroit, na tarehe 4 Machi akafariki akiwa na miaka 47.

Filamu yake fupi ya 1916, "A Natural Born Gambler", bado ipo. Itazame mpaka mwisho, pale anapocheza karata gerezani bila karata wala wachezaji wenzake. Fuata vidole vyake: hugawa, huinua pembe ya karata kidogo tu, hutupa, huomba nyingine. Halafu tazama macho yanavyozunguka meza isiyokuwapo, yakituama kwa kila mpinzani kwa zamu yake, hadi ajue kwamba ameliwa.