Msaidizi wa mhariri wa dokumentari: kazi huanzia kwenye diski

Wengi hudhani wataingia kwenye uhariri wa dokumentari kwa kujua programu. Programu ni ya lazima, lakini anayeitwa tena ni yule ambaye faili zake hazipotei.

Chukua filamu ya dakika 52, urefu wa kawaida kwa vituo vingi vya runinga Ulaya. Timu imerudi na saa 60 za picha ghafi. Kamera ikirekodi megabiti 100 kwa sekunde, kila saa hula GB 45, jumla TB 2.7. Zidisha mara tatu: nakala mbili kwenye diski tofauti, ya tatu ikae jengo jingine. Mtayarishaji atalalamikia bei ya diski, mwache alalamike. Nakili kwa programu inayolinganisha kila faili na ile ya kwenye kadi, maana umeme ukikatika katikati unaweza kubaki na faili yenye jina sahihi isiyofunguka. Na usibadilishe majina ya faili kamwe: nakala nyepesi za kuhariria zitashindwa kuunganishwa na picha halisi mwishoni, wakati fedha na muda vimekwisha.

Video za simu ndizo zinazosumbua zaidi. Simu nyingi hazishiki idadi moja ya fremu (picha moja moja) kwa sekunde, hivyo sauti huanza sawa, kisha midomo na maneno vinaachana polepole. Zipitishe kwanza kwenye HandBrake, programu ya kubadilisha video, ukichagua fremu 25 kwa sekunde zisizobadilika na sauti ya 48 kHz.

Kisha tazama picha ghafi zote, saa 60. Kwa saa sita kwa siku ni siku kumi, bila kuhesabu kuandika maneno ya mahojiano pamoja na saa na dakika yanapotamkwa. Mashine za kunukuu husaidia, ila mzungumzaji akichanganya Kiswahili, Sheng na lugha ya nyumbani zinabahatisha. Hapo ndipo msaidizi anayeielewa lugha humpita mhariri aliyetoka mbali, asiyejua sentensi imeishia wapi. Andika pia mahali palipo na sekunde 30 za ukimya wa chumba. Bila ukimya huo wa kuziba mapengo, kila mkato wa mahojiano utasikika.

Mkusanyo wa kwanza wa filamu ukiwa na urefu wa saa tatu, usishtuke. Kinachoumiza ni kubadilisha baada ya picha kufungwa, yaani mikato yote ikishakubaliwa: ukiongeza sekunde moja tu, sauti, rangi na manukuu yote yanayofuata lazima yasogezwe.

Kuhusu malipo, omba ya wiki, si ya filamu nzima. Mkurugenzi asiyeamua hula miezi yako. Mkataba utaje idadi ya awamu za marekebisho, nani mwenye neno la mwisho, na nani atatengeneza faili ya mwisho ya sauti kwa -23 LUFS (kipimo cha ukubwa wa sauti), kiwango cha utangazaji Ulaya. Wasipomtaja, kazi hiyo utaachiwa wewe.