Kopo Lenye Pamba

Wavuvi wa dagaa hapa Kigoma huja kliniki kipindi cha mbalamwezi, kwa kuwa mwezi ukiangaza taa zao hazivuti samaki na kazi ziwani husimama. Ndivyo alivyokuja huyu ninayemwandika leo (nimebadilisha mambo kadhaa ili asitambulike), akiwa ameipita zahanati ya kijijini kwake na kupanda boti hadi mjini, kwa sababu kule anayegawa dawa ni shemeji wa jirani yake. Anatumia dawa za kufubaza VVU tangu mwaka jana. Kopo lake amelishindilia pamba ili vidonge visilie mfukoni.

Mkewe hajui. Nilipomgusia habari ya kumweleza, alinijibu kwa sauti ya chini: "Dokta, nikimwambia usiku, asubuhi mwalo mzima umejua, na hakuna tajiri atakayenipa chombo." Sikuweza kumwambia kwamba anakosea, maana nimewaona waliotengewa hadi vikombe na ndugu zao wenyewe.

Juzi mkewe alikuja, ujauzito wa miezi mitano, kipimo chake hakina maambukizi. Hakumtaja mumewe hata kidogo. Aliuliza tu: "Dokta, ni dawa gani hizo ambazo kopo lake hutiwa pamba?" Nilisema dawa ni nyingi, nikaona uso wake ukibadilika, kwa kuwa kukwepa swali la namna ile nako ni kulijibu.

Sheria ya UKIMWI ya mwaka 2008 inamtaka aliyekutwa na maambukizi amweleze mwenzi wake mara moja, na sheria hiyohiyo inatutaka sisi watoa huduma tutunze siri. Ofisini maneno hayo husomeka vizuri. Chumbani kwangu wapo wagonjwa wawili, na wote ni wangu. Kipimo cha mwisho cha mume kilionyesha virusi havigunduliki, maana yake hamwambukizi mkewe kwa kujamiiana, na nakiri kwamba nimeanza kuulalia ukweli huo kama mto, ilhali najua kuwa siku atakapoviacha vidonge kwa kuogopa kuonekana, kinga hiyo itaondoka na mimi sitakuwa na habari.

Jioni ileile nilimpigia simu bila kumgusia ujio wa mkewe, kwani hata swali la mama yule ni siri. Nilimwomba waje pamoja mbalamwezi ijayo, ayaseme mwenyewe nikiwapo. Alinyamaza, kisha akasema mtandao unasumbua.

Jana usiku nilipita barabara ya ziwani. Giza lilikuwa nene na taa za wavuvi zimejaa majini, nami nikajikuta nahesabu siku zilizobaki hadi mwezi uwe mpevu.