Mafua Nisiyokuwa Nayo

Jumanne saa nne asubuhi, simu ya mezani. Nikapokea kama siku zote: jina la ofisi, karibu.

"Habari kaka. Nipe yule dada wa mizigo."

"Ndiye mimi."

Kimya. Halafu: "Ah! Pole dada, una mafua?"

"Kidogo."

Kidogo! Sina mafua mimi. Sauti ndiyo hiihii mnayoijua, iliyofanya darasa la sita waniite Baba Paroko. Kuitwa kaka nimezoea, wala hakuniumi. Kinachoniuma ni hiyo "kidogo" yangu, ilivyonitoka upesi kama mtu aliyefumaniwa. Tangu siku hiyo natunga majibu. "Hapana, ndivyo nilivyo." "Hapana, na mzigo wako uko Morogoro." Naosha vyombo, namjibu. Niko kwenye daladala, namjibu. Hata kwenye kikao cha harusi ya Neema, ambako wamenipachika uweka hazina siku ileile mwenye nyumba kapandisha kodi, mwenzenu nilikuwa namjibu mteja.

Basi Alhamisi usiku Juma (wa kaka, bado yuko kwangu mpaka shule zifunguliwe) alikuwa anatazama katuni ya Dragon Ball kwa Kijapani, maandishi chini. Goku anapiga ukelele mpaka mishipa ya shingo imemtoka. Nikamwambia apunguze sauti, huyo mwanaume atapasuka koo.

"Shangazi, huyo si mwanaume. Ni bibi."

Nikajua ananitania. Kumbe kweli: Masako Nozawa, kazaliwa 1936, na Goku ni wake tangu 1986. Gohan ni yeye, Goten ni yeye. Baba akiongea na wanawe wawili, ni mama mmoja tu mbele ya maikrofoni anajiuliza na kujijibu.

Usingizi ukaruka. Kupekuapekua nikafika kwa Nobuyo Oyama, sauti ya Doraemon, yule paka wa bluu asiye na masikio, kuanzia 1979 hadi 2005. Alipoingia sekondari wenzake walimcheka kwa sauti yake nzito, akawa ananyamaza. Mama yake akamwambia kitu dhaifu ukikificha kinazidi kudhoofika, kwa hiyo hiyo sauti aitumie kila siku. Akaenda kujiunga na klabu ya utangazaji ya shule.

Hapo nilikaa sana. Mama yangu mimi, Mungu ampe umri, alikuwa ananipa tangawizi na asali kila jioni. Miaka! Nami nakunywa, nangojea nipone.

Nilicheka peke yangu mpaka Juma akageuka. Pale pa mwisho pa habari za Oyama nilipita haraka: ugonjwa wa kusahau, mumewe akautangaza 2015, mwenyewe akafariki 2024 na miaka yake 90.

Leo mchana simu. Nikamtambua kabla hajamaliza salamu.

"Dada, mafua vipi?"

Siku tatu za majibu, yote yakayeyuka.

"Yamepona," nikasema. Kwa sauti ileile.

Kimya kirefu. Kisha akauliza mzigo.

Sasa ni saa sita usiku na boya la tenki limekwama tena. Nasikia maji yanadondoka kwenye bati la jirani, tone, tone. Fundi hapokei, na huyo jirani mnamjua.