Siku ya theluji huanzia kwenye buti

Nairobi, Jumapili jioni

Julai hii jua limeadimika. Tangu asubuhi mawingu yamelala juu ya mji, watu wamejikunyata ndani ya masweta, na kila unayekutana naye ngazini anaanza na habari ya baridi. Mwezi huuhuu, mwendo wa saa nne na ushei kwa ndege kutoka hapa, kisha saa tano hivi kwa gari, milima ya Lesotho iko katikati ya kipupwe. Pale Mahlasela, barabara inapofika mita 3,222 juu ya usawa wa bahari, kuna Afriski, kituo cha kuteleza kwenye theluji kwa skii, chenye mteremko mkuu wa karibu kilomita moja. Kwa kawaida msimu wake ni Juni hadi Agosti. Ukienda katikati ya juma unasikia upepo na mkwaruzo wa skii zako, vile vibao virefu vya kutelezea, basi.

Wengi wetu tukitaja skii tunawaza Uswisi au Austria. Kwa anayeanza, mteremko mmoja usio na msongamano unafaa kuliko milima kumi iliyojaa watu. Anayejifunza anahitaji nafasi ya kukosea. Kwenye mteremko uliofurika, mtu akikupita kwa kasi unashtuka, unaegemea nyuma, na ukishaegemea nyuma umeanguka. Chagua Jumanne hadi Alhamisi. Wikendi ni za wageni wanaopanda kutoka Johannesburg na Bloemfontein.

Safari yenyewe haina maajabu. Tangu Januari 2023 pasipoti ya Kenya inaingia Afrika Kusini bila viza kwa siku 90 kwa mwaka, ila usisahau kile kitabu cha njano cha chanjo ya homa ya manjano. Bila hicho unaweza kukwama uwanjani. Kutoka Johannesburg unapitia Bethlehem na Fouriesburg hadi mpaka wa Caledonspoort, kisha Butha-Buthe, halafu unaanza kupanda njia ya mlimani ya Moteng. Hapo ndipo dereva wa Nairobi anapaswa kunyamaza na kutazama barabara. Kona zilizo kivulini hubaki na barafu hata mchana, nyembamba na nyeusi kama lami yenyewe. Teremka kwa gia ndogo, wala usikanyage breki katikati ya kona. Jaza tangi Butha-Buthe. Randi inapokelewa kote Lesotho kwa thamani sawa na loti, lakini ukipewa chenji ya maloti itumie kabla ya kuvuka mpaka, kwa sababu ng'ambo itakuwa karatasi tu.

Mavazi usinunue dukani. Kwenye masoko ya mitumba ya Gikomba na Toi yako tele, kwa sababu marobota ya majaketi yanayotoka Ulaya huwa na nguo za skii zilizovaliwa msimu mmoja au miwili. Ukilipata jaketi, ligeuze ndani nje kabla ya kuuliza bei. Tazama mishono: iwe imefunikwa kwa ukanda mwembamba uliobandikwa. Pitisha kidole juu ya ukanda huo, na ukiona unabanduka kama ngozi iliyoungua, liache, maana maji yatapita hapo hapo. Lebo ikisema 10,000 mm, kitambaa kinastahimili safu ya maji ya kimo hicho, yaani mita kumi, na hiyo inatosha. Vuta zipu mara tano ukiwa umevaa glavu. Suruali iwe na kile kipande cha ndani chenye lastiki kwenye kifundo, kinachovaliwa juu ya buti ili theluji isiingie. Ndani vaa fulana ya kubana ya poliesta au sufu, juu yake sweta jepesi. Pamba iache Nairobi, na jinzi pia: ikilowa jasho inakaa na maji, na upepo wa Mahlasela ukiipiga unatetemeka ndani ya dakika chache.

Sasa buti, maana siku nyingi za skii huharibikia miguuni kabla ya saa sita mchana.

Namba ya buti za skii ni urefu wa mguu kwa sentimita. Jipime ukiwa bado nyumbani, jioni, wakati mguu umevimba kidogo: simama juu ya karatasi kisigino kikiwa kimegusa ukuta, weka alama mbele ya kidole kirefu, pima kwa rula. Ukipata 26.3 omba 26.5, na usikubali 28 eti kwa sababu inaingia kwa urahisi. Buti ya skii inayoingia kwa urahisi ni kubwa. Vaa soksi moja nyembamba inayofika chini ya goti. Mbili ni kosa, kwa kuwa zinajikunja, zinabana damu, na mguu unapoa zaidi. Suruali ya kubana unayovaa ndani usiitumbukize kwenye buti, ivute juu hadi kwenye shavu la mguu. Pindo dogo tu la kitambaa likibanwa kwenye muundi, kufikia saa tano mtu anataka kulia.

Ingiza mguu, piga kisigino chini mara mbili tatu kikae nyuma kabisa, nyoosha ulimi wa buti. Anza na bizimu za juu, kwa wepesi, huku umekunja goti mbele. Kisha funga za kwenye mgongo wa mguu. Za vidoleni ziguse tu, zisikaze. Simama wima: vidole viguse mbele. Kunja magoti: viachie nafasi kidogo. Sasa sukuma muundi mbele kwa nguvu, na kama kisigino kinanyanyuka, rudisha buti kwa wanaokukodisha bila aibu. Kisigino kinachocheza maana yake mguu unageuka ndani ya buti huku skii ikiendelea na njia yake. Ganzi ya vidole mara nyingi si baridi, ni bizimu za chini zilizokazwa mno. Zilegeze kila unaposubiri mtambo wa kukuvuta juu ya mteremko.

Skii zenyewe kwa anayeanza zifike kati ya kidevu na pua. Fundi atakuuliza uzito, urefu, umri na uzoefu wako ili aweke nguvu ya kishikio, kile kinachoshika buti na kuiachia unapoanguka. Mwambie uzito wako wa kweli. Anayepunguza kilo kwa haya, skii inamchomoka bila sababu, na anayejifanya mjuzi, skii inakataa kuchomoka wakati goti linapinda. Kabla ya kukanyaga kishikio, pangusa theluji chini ya buti. Tonge moja lililoganda pale linatosha kuzuia kisigino kisikae. Ncha ya mbele kwanza, kisha kisigino, mpaka usikie "kaa!"

Mtu akikwambia mchezo huu si wetu, mkumbushe Philip Boit, mkimbiaji aliyeshiriki Olimpiki ya Nagano 1998 katika mbio za skii za kilomita 10, ambapo Bjørn Dæhlie, bingwa wa mbio zile, alimsubiri mwishoni amkumbatie. Skii za Boit zilikuwa za masafa: nyembamba, na kisigino kiko huru. Za Mahlasela ni za mteremko, kisigino kimefungwa, kama zile za Sabrina Simader, mzaliwa wa Kilifi aliyeshiriki PyeongChang 2018. Tofauti hiyo ina maana kwa miguu iliyozoea kukimbia. Pumzi za kukimbia msitu wa Karura zitakusaidia, lakini kazi inafanywa na mapaja yakiwa yamekunjwa na kutulia. Mwezi mmoja kabla, egemea ukuta kama umekaa kwenye kiti kisichokuwepo, dakika moja, pumzika, rudia mara nne. Na kule kwenye vilima vya Ngong, mazoezi bora ni kushuka. Uwanja wa barafu wa hoteli ya Panari, Barabara ya Mombasa, uliofunguliwa 2005, nao unafundisha jambo moja muhimu, yaani kukubali kwamba sakafu inateleza bila kukaza mwili.

Theluji hubadilika siku nzima. Sehemu kubwa ya ile ya Mahlasela inatengenezwa usiku: mashine hupuliza matone madogo ya maji hewani, na hewa ikiwa baridi na kavu yanaganda kabla ya kutua. Kisha tingatinga linasawazisha. Kwa hiyo saa tatu asubuhi sakafu ni ngumu na ina mistari myembamba kama kodrai, na ukianguka unaumia. Kuanzia saa nne jua linailainisha, na saa mbili zinazofuata ndizo za kujifunzia. Alasiri theluji inakuwa nzito kama uji, inashika skii ghafla na kukuangusha mbele. Jua likizama nyuma ya mlima, uji huo unaganda tena katika hali ya mashimo yake.

Breki ya kwanza ni umbo la sambusa: ncha za mbele zikaribiane bila kugusana, nafasi ya kiganja hivi, mikia iwe mbali. Magoti mbele, muundi usukume ulimi wa buti. Kupunguza mwendo, panua mikia. Kugeuka kushoto, kandamiza skii ya kulia. Kosa la kila mtu ni kuegemea nyuma kwa hofu. Mwili unadhani unajiokoa, kumbe uzito ukihamia nyuma ncha za mbele zinakuwa nyepesi, na ncha hizo ndizo usukani. Mikono iwe mbele, uione yote miwili, kama umebeba sinia la chai.

Ukiona unaanguka, kaa ubavuni kuelekea upande wa juu. Usichomeke mkono chini huku umeshika fimbo ya skii, gumba litapindwa nayo. Kuinuka, weka skii chini yako zikikata mteremko, mbali na mwelekeo ambao mpira ungeviringika, ndipo usukume.

Mtambo wa kuvuta una fimbo zenye umbo la T iliyopinduliwa. Wengi wanajaribu kuikalia, na wanaanguka. Hiyo haibebi, inavuta. Iache ikusukume chini ya makalio, skii zinyooke, magoti yalegee. Ukidondoka, ondoka njiani kwanza, mengine baadaye. Na ukiwa unateremka, aliye chini yako ndiye mwenye haki ya njia, kwa sababu hakuoni.

Nairobi iko kwenye mita 1,700 hivi, kwa hiyo sisi tuna nafuu kuliko mtu wa Mombasa, lakini Mahlasela ni karibu mara mbili ya hapo. Siku ya kwanza kunywa maji hata bila kiu, pombe iache. Kichwa kikiuma na kichefuchefu kikaongezeka badala ya kupungua, teremka kuelekea Butha-Buthe siku hiyohiyo. Jua nalo ni kali kuliko linavyohisiwa: mionzi huongezeka kwa takriban asilimia 10 kila mita 1,000, na theluji mpya inaweza kurudisha hadi asilimia 80 yake. Ndiyo maana watu huungua chini ya pua na chini ya kidevu. Ngozi nyeusi nayo huungua. Vaselini haikingi jua, kwa hiyo paka losheni ya kukinga, na miwani usiivue hata kukiwa na mawingu.

Chakula cha mchana kiwe cha moto. Ukipata papa na moroho utajisikia uko nyumbani, maana ni ugali na mboga za majani za Basotho.

Acha mapema, saa tisa hivi, mapaja yakianza kutetemeka unaposimama. Mteremko wa "mara moja tu ya mwisho" huja wakati theluji inaganda na miguu imeisha.

Usiku toa kile kiatu laini kilicho ndani ya buti, usikiweke juu ya hita, kinajikunja na kupoteza umbo. Glavu zikaushwe vidole vikitazama juu. Ukirudi Nairobi, fua jaketi kwa sabuni kidogo ya maji bila kilainishi, kwa sababu kilainishi huondoa uwezo wa kitambaa kufukuza maji, kisha ulitundike ndani mahali penye hewa. Kwa Julai hii, lipe siku tatu.