Mlipuko usio na moshi

Mwongozaji kanipigia tena leo. "Kaka, hicho kitu kinakuja saa ngapi? Naona setilaiti nzima, halafu naona vipande. Mtazamaji atajuaje imegongwa?"

Ana haki ya kuuliza. Tukio la filamu yetu fupi, ninalolichora kwa kompyuta, nimelichukua kwenye ajali ya kweli: tarehe 10 Februari 2009, Iridium 33 ya Marekani iligongana na Kosmos 2251 ya Urusi, ambayo ilishakufa siku nyingi, juu ya Siberia, kama kilomita 790 kutoka ardhini. Zilikutana kwa mwendo wa kilomita 11 na ushee kwa sekunde. Filamu ina fremu 24, yaani picha 24 zinazofuatana, kwa sekunde. Piga hesabu: kutoka fremu moja hadi inayofuata, kitu kimeshasogea karibu nusu kilomita. Ukodoe macho usikodoe, hukioni kikija. Fremu hii setilaiti ipo, inayofuata haipo. Mimi hilo linanitisha kuliko moto wowote.

Yeye anataka moto. Na moshi mzito unaovimba taratibu.

Huku mtaani kwetu Muriet, Arusha, wakati wa kiangazi, bajaji ikishapita vumbi linabaki limening'inia barabarani hadi unamsahau aliyelitimua. Hewa ndiyo inalishikilia. Halafu tazama picha za Apollo 16, Aprili 1972, John Young akiendesha kigari mwezini: vumbi linaruka kutoka kwenye magurudumu, linachora upinde, linaanguka chini. Basi. Hakuna wingu. Picha hizo nimezitazama hadi nimezikariri, maana kazi yangu karibu yote ni kuondoa hewa. Kwenye Blender, programu ninayochorea, nazima ukinzani wa hewa, kila kipande kishike njia yake kikijizungusha, kisipunguze mwendo. Vivuli navyo vinakuwa vikali, kwa sababu hakuna anga la kutawanya mwanga. Upande ambao jua halifiki ni mweusi tii, labda pale mwanga wa Dunia unapoupapasa kidogo. Nikilegeza hapo tu, setilaiti inaonekana imening'inizwa studio.

Mama alipita na chai, akasimama nyuma yangu. "Mbona hata hakijalia puu?"

"Huko hakuna hewa ya kubeba sauti, mama."

"Kumbe mtu anaweza kuvunjikiwa huko na jirani asisikie."

Hiyo nimemtumia mwandishi wa muswada papo hapo. Mama hajaombwa ruhusa.

Tumekubaliana na mwongozaji nirenda (kompyuta ikokotoe picha za mwisho) matoleo mawili, achague mwenyewe. Langu nimelipunguza mwendo mno ili jicho liambulie japo kivuli cha kitu kinachopita. Huo ni uongo, ila naweza kuishi nao. Lilikamilika kabla ya chakula cha usiku. La kwake bado linasuasua, maana moshi ni mzigo kwa kompyuta, kila tone lake lazima likokotolewe, na feni inalia hadi mezani kunatetemeka.

Umeme ukikatika saa hizi sitanuna sana.